Bibie wa Bunduki wa Serengeti: Filamu Isiyo na Sauti, na Mabinti wa Mara Ambao Hakuna Aliyewaandika

Leo tuache kidogo habari za nani kaachana na nani. Nataka niwarudishe nyuma karibu miaka mia, kwenye stori ya staa mmoja wa kike ambaye picha zake zilipigwa huku huku kwetu, na wengi wetu hatujawahi hata kusikia jina lake.

Vuta picha hii. Ni mwaka 1928, mjini New York. Ukumbi wa sinema umejaa, taa zinazimwa. Kwenye filamu hakuna anayesikika akiongea. Kuna muziki tu, na kila baada ya muda yanatokea maandishi meupe kwenye kioo cheusi kueleza kinachoendelea. Alafu anatokea dada mmoja, kavaa suruali, kofia pana kichwani, bunduki mkononi. Mnyama mkubwa anakuja kwa kasi. Dada hakimbii. Anainua bunduki.

Mwaka 1928 huo, jamani. Watu walishika vichwa.

Filamu hiyo iliitwa Simba. Ndiyo, simba, neno letu hili hili la Kiswahili. Na baadhi ya picha za wale simba zilipigwa Tanganyika, kwenye mbuga za Serengeti. Kwa wasioijua Mara: ukitoka Mwanza kuja Musoma kwa basi, kabla hujafika Bunda mjini unapita geti la Ndabaka. Hiyo ndo Serengeti, iko pembeni ya lami. Tunaipita kila siku tukiwa bize na simu.

Kwanza, huyu bibie ni nani?

Anaitwa Osa Johnson. Alizaliwa mwaka 1894 kwenye mji mdogo unaoitwa Chanute, jimbo la Kansas, Marekani. Baba yake alifanya kazi ya reli. Mtoto wa watu wa kawaida kabisa, si wa kishua.

Mwaka 1910, akiwa na miaka 16, akatoroka nyumbani na kijana anaitwa Martin Johnson, wakafunga ndoa. Martin alikuwa kashazunguka baharini na mwandishi maarufu Jack London, akarudi na picha na stori za visiwa vya mbali, akawa anawaonyesha watu kwa kiingilio. Osa kwanza aliimba kwenye maonyesho hayo. Baadaye wakaona isiwe taabu, bora waende wenyewe huko mbali na kamera.

Wakaenda visiwa vya Pasifiki mwaka 1917, wakaenda Borneo, na mwaka 1921 wakatua Afrika Mashariki. Safari ya pili ndo ilikuwa noma: kuanzia 1924 mpaka 1927 waliishi Marsabit, kaskazini mwa Kenya, kwenye ziwa la mlimani ambalo wao waliliita Paradise. Walijenga nyumba kabisa, wakalima bustani. Mwaka 1926 alikuja kuwatembelea George Eastman, yule tajiri wa Kodak, ambaye ni mmoja wa waliotia hela kwenye mradi wao. Mwaka huo huo wakashuka Tanganyika kupiga picha za simba.

Kazi ilikuwa hivi. Kamera za enzi zile ziliendeshwa kwa mkono, unazungusha kama unasaga kahawa. Martin akizungusha, macho yake yako kwenye lenzi, hawezi kushika silaha. Kwa hiyo aliyesimama na bunduki kumlinda ni mkewe. Mnyama akija vibaya, uhai wa mume uko kwenye kidole cha mke.

Sasa fikiria hiyo Marekani ya wakati ule. Wanawake walihakikishiwa haki ya kupiga kura nchi nzima mwaka 1920 tu. Mwanamke kuvaa suruali mtaani ilikuwa maneno. Mke wa mtu alitarajiwa kukaa jikoni, na hatari ilikuwa kazi ya mume. Osa aligeuza mpangilio wote huo juu chini, tena mbele ya kamera. Ndo maana picha yake iliuza. Watu walikuja kuona simba, wakabaki wanamzungumzia yeye.

Bunduki, alafu pai

Hapa ndo nataka tutulie kidogo, kwa sababu filamu hii ina ujanja.

Ujanja wa kwanza: si kila unachokiona kilitokea vile vile. Walioichambua wanasema matukio mengine yalipangwa, wanyama wengine walichokozwa ili wakimbilie kamera, na vipande vya siku tofauti viliunganishwa vionekane tukio moja. Yaani yale mambo ya kuediti klipu ili ipate watazamaji hayakuanza na sisi.

Ujanja wa pili ndo mkubwa zaidi. Karibu na mwisho, baada ya purukushani zote za simba, filamu inamrudisha Osa jikoni. Anapika pai ya matufaha, chakula ambacho kwa Mmarekani maana yake ni mama na nyumbani, kama ugali kwa samaki ulivyo kwetu Musoma.

Unaona walichofanya? Wamekuonyesha mwanamke anayevunja kanuni zote, alafu kabla hujaenda kulala wanakutuliza: usijali mzee, bado ni mke mwema, bado anapika. Osa aliruhusiwa kuwa jasiri, ila kwa sharti kwamba mwisho wa siku arudi kwenye sufuria.

Na bado mi nampa heshima yake. Miaka ya 1933 na 1934 alirudi Afrika na mumewe wakiwa na ndege mbili zinazotua majini, zimechorwa mistari ya pundamilia na madoa ya twiga, na yeye mwenyewe alikuwa kajifunza urubani. Walipiga picha za Kilimanjaro na makundi ya wanyama kutoka angani. Martin alikufa kwa ajali ya ndege California mwezi Januari 1937, Osa akatoka na majeraha. Mwaka 1940 kikatoka kitabu chake cha maisha yao, kikauzika vibaya mno. Alifariki New York mwaka 1953.

Kwa hiyo tunajua alizaliwa lini, aliolewa lini, alivaa nini, hadi alichopika. Shikilia hapo.

Walikuwepo, ila hawana majina

Rudi kwenye filamu ile ile uangalie nyuma ya Osa. Kuna watu wamebeba mizigo kichwani. Kuna wanaopika, wanaopiga mahema, wanaofuata nyayo za wanyama. Kuna vijana wenye mikuki wanaomzunguka simba kwa ngao, na hao hawajasimama nyuma ya bunduki, wanamkabili uso kwa uso. Na kuna wanawake, wanapita, wanacheka, wanashangaa kamera.

Majina? Wachache sana. Jina la Boculy, mzee aliyewaongoza kufika lile ziwa la Marsabit, limebaki kwa sababu Johnsons walimtaja kwenye maandishi yao. Wengi wengine ni vivuli tu. Na kwa sababu filamu haina sauti, aliyeandika yale maandishi ya kwenye kioo ndo aliyeamua kila mtu anasema nini. Sehemu nyingi aliandika utani wa kuwadharau Waafrika. Mama wa watu anatabasamu pale, hajui kwamba upande wa pili wa dunia kuna ukumbi mzima unamcheka kwa maneno ambayo hajayasema.

Hiyo ndo hatari ya picha isiyo na sauti. Sura yako inapigwa, mdomo wako unaonekana unatembea, lakini maneno anaweka mwingine.

Kitu kingine: kwenye picha zile Serengeti inaonekana kama nchi tupu, wanyama na upepo tu. Wakati pembeni ya mbuga hizo kulikuwa na Waikoma, Wanata, Waikizu, Wangoreme na Wakurya, wanalima, wanafuga na kuwinda. Waliwajua wale simba kabla ya kamera yoyote. Serengeti ilipofanywa hifadhi ya taifa mwaka 1951, wazo kwamba pale hapakuwa na watu lilikuwa limeshakaa vichwani mwa wakubwa.

Wakati huo huo, kwetu Mara

Mwaka 1926, Osa akiwa Serengeti na bunduki yake, kule Butiama kulikuwa na mtoto wa miaka minne anaitwa Kambarage. Huyo mnamjua. Mama yake, Mugaya wa Nyang'ombe, alikuwa mke wa tano kati ya wake 22 wa Chifu Nyerere Burito. Mama Mugaya tunamjua jina kwa sababu mwanaye alikuja kuwa Rais. Je, wale wengine? Je, mabinti wa kawaida wa Bunda, Tarime na Majita, ambao wana wao hawakuwa marais?

Na usidhani wanawake wa huku walikuwa wamekaa tu wanasubiri kuokolewa. Chukua nyumba ntobhu ya Wakurya, yaani nyumba isiyo na mwanaume. Mwanamke mtu mzima, mara nyingi mjane au asiyepata mtoto wa kiume, anatoa mahari ya ng'ombe na kuoa binti. Binti anazaa, watoto wanakuwa wa nyumba ile, na mji wa yule mama haufi, mali yake haichukuliwi na mashemeji. Mzungu akisikia anaduwaa. Kumbe kwa wenyewe si uasi wowote, ni mila. Ni njia waliyoipata wanawake ya kupitia katikati ya kanuni za wanaume bila kuzivunja mlango.

Lakini tuwe wakweli. Binti anayeolewa humo mara nyingi ni mdogo, na mara nyingi hakuulizwa. Sheria ya Ndoa ya 1971 inatambua ndoa ya mwanaume na mwanamke tu, kwa hiyo mambo yakiharibika yule binti hana pa kushika. Kitu kile kile kinachompa mama mmoja nguvu kinaweza kumfunga binti mwingine. Hakuna filamu isiyo na sauti inayoweza kukueleza hilo. Inabidi mtu aongee.

Kamera ilipotugeukia sisi

Swali la haki: je, sisi wenyewe tulianza lini kuonekana kwenye filamu kama wahusika, si kama mapambo?

Kati ya 1935 na 1937 Waingereza walifanya mradi mkubwa wa filamu Tanganyika, kambi yao ikiwa Vugiri, kwenye milima ya Usambara karibu na Korogwe. Walitengeneza filamu 35 hivi, waigizaji wakiwa Waafrika. Picha zilipigwa bila sauti, alafu maneno yakawekwa kwenye santuri kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwemo. Zikazungushwa vijijini kwa gari. Mada? Lipa kodi, weka hela posta, jikinge na minyoo. Yaani kamera ilipotugeukia, ilikuja na kiboko cha mwalimu.

Miaka ya 1950 ikaja Muhogo Mchungu, na muigizaji wake mkuu alikuwa kijana mmoja anaitwa Rashidi Kawawa. Huyo huyo aliyekuja kuwa Waziri Mkuu. Stori ni ya mwanaume wa kijijini anayekwenda mjini na kukutana na mambo. Tena mwanaume.

Kwa hiyo filamu ya binti wa Mara anayekataa, anayesema hapana mbele ya ukoo mzima, ilichelewa sana. Si kwamba mabinti hao hawakuwepo.

Yule wa darasani kwetu

Hapa niwaambie kitu ambacho sijawahi kuandika.

Sekondari nilisoma na dada mmoja. Sitamtaja jina, na sitasema shule wala kijiji. Hesabu alikuwa anatupiga wote bao, wavulana kwa wasichana. Tulifunga shule mwezi wa kumi na mbili, kila mtu kwao. Januari tukarudi, dawati lake likawa wazi. Wiki ya kwanza, ya pili. Mwalimu akaita jina mara kadhaa, alafu siku moja akaacha kuliita, akaruka kwenda linalofuata. Hakuna aliyeuliza. Mimi mwenyewe sikuuliza. Tulijua, wote tulijua Desemba huku maana yake nini kwa baadhi ya koo: kukeketwa, na baada ya hapo ng'ombe wanahesabiwa.

Mpaka leo nikisikia mtu anasema "mila zetu" nakumbuka ule ukimya wa mwalimu kuruka jina.

Takwimu za utafiti wa afya wa taifa wa 2015/16 zilionyesha kwamba kwa nchi nzima mwanamke 1 kati ya 10 amekeketwa. Mara ilikuwa asilimia 32. Karibu mmoja kati ya watatu. Na sheria ipo tangu 1998: anayemkeketa binti chini ya miaka 18 aliye kwenye uangalizi wake, kifungo ni kuanzia miaka 5 mpaka 15. Sheria inajua kusoma na kuandika, lakini haifiki kijijini usiku.

Filamu ya 2018

Mwaka 2018 ikatoka filamu ya matukio ya kweli inaitwa In the Name of Your Daughter, ya mwongozaji kutoka Canada, Giselle Portenier. Ilipigwa Mara. Inafuata mabinti wadogo wanaotoroka nyumbani msimu wa ukeketaji na kukimbilia nyumba salama pale Mugumu, wilaya ya Serengeti.

Narudia: wilaya ya Serengeti. Nchi ile ile ya simba wa Osa.

Anayewapokea ni mama mmoja wa huku huku, Rhobi Samwelly. Yeye mwenyewe alikeketwa akiwa binti na nusura afe. Leo shirika lake lina nyumba za kupokea mabinti Mugumu na Butiama. Kuna polisi wa Dawati la Jinsia wanaokwenda kukutana na wazazi. Kuna watu wa kujitolea wanaochora ramani za vijiji kwenye intaneti ili gari la uokoaji lisipotee gizani, na hata ndege ndogo zisizo na rubani zimetumika kwenye kazi hiyo. Miaka ya thelathini Johnsons waliruka juu ya mbuga hizi kutafuta nyumbu. Sasa hivi kuna wanaorusha kamera juu ya Mara ili binti apatikane kabla hajakatwa.

Linganisha sasa. Osa alitoroka kwao akiwa na miaka 16 na mpenzi wake, dunia ikampigia makofi. Binti wa Mara anatoroka akiwa na miaka 11 au 12, peke yake, kwa miguu, usiku, kwenye pori ambalo fisi si wa kwenye filamu. Hana bunduki. Hakuna mtu anayelipia tiketi kumuona. Na akifika salama, vita haijaisha: Januari anataka kurudi nyumbani, anamkumbuka mama yake, na baba anaweza kugoma kusaini kwamba hatamgusa. Mabinti wengine hubaki nyumba salama kwa muda mrefu kwa sababu nyumbani mlango umefungwa. Kosa lao ni kusema hapana.

Tena kwenye filamu hii mabinti wanaongea. Kwa Kiswahili chao, kwa lafudhi zetu. Hakuna wa kuwawekea maneno. Na hakuna anayewarudisha jikoni mwishoni ili mtazamaji alale vizuri.

Simwonei wivu Osa, na sisemi tumfute. Alichofanya kilihitaji moyo, na filamu yake inafaa kuangaliwa, ili uwaone pia wale wa nyuma yake. Ninachosema ni kwamba kwenye historia yetu ya ujasiri wa wanawake, nchi hii hii moja, mmoja aliandikwa mpaka pai aliyopika, na wengine hawajaandikwa hata jina. Na sehemu ya kosa hilo si ya mzungu wa 1928. Ni ya darasa zima lililokaa kimya Januari ile, mimi nikiwa dawati la nyuma.

Kwa hiyo wadau, leo sitaki lolo na emoji za moto tu. Kila familia ya huku ina shangazi au bibi aliyewahi kukataa kitu: kuolewa, kurithiwa, kuacha shule, kukatwa. Wengi bado wapo hai. Weekend hii ukienda kumsalimia, mpe shikamoo yake, kaa chini, muulize ilikuwaje. Akikuruhusu, tuandikie hapo chini. Asipokuruhusu jina lake litajwe, liache, andika tu alichokataa.

Na dada yangu wa hesabu, kama siku moja utapita humu: tuliona dawati lako likiwa wazi. Tulipaswa kuuliza. Samahani.